Nusu Saa ya Maji

Shauri namba mia mbili na kumi na nne
lilikuwa juu ya nusu saa.
Si shamba, si nyumba, si hata mtende mmoja:
nusu saa ya maji ya falaji, kila siku ya nane,
tangu saa tisa na nusu ya usiku
mpaka muadhini asafishe koo.

Mimi nilisema ni ya baba yangu, Sleyum,
na Sleyum hakuiuza.
Bin ami yangu Nabhani akasema:
Sleyum alikwenda Sawahili, akaoa huko, akazaa huko,
akazikwa Chake,
na maji hayamngoji aliyeondoka.

Hapo ndipo nilipojua
kwamba hatugombanii maji.

Hakimu wa Ibra alikuwa kijana, kucha safi.
Aliponiuliza nilijibu mwenyewe, akamgeukia mkalimani,
kwani Kiarabu changu hakina koo;
herufi za ndani nazitamkia mdomoni
kama mtu anayeogopa kuamsha mtoto.
Akaahirisha. Liletwe daftari la zamu.
Likaletwa, mchwa wamekula palepale penye jina.
Akaahirisha. Aletwe aliyekuwa akipima zamu kwa nyota.
Akaletwa juu ya kiti cha magurudumu,
akazitaja nyota zote, moja moja, kwa mapenzi,
akamsahau baba.
Akaahirisha: Ramadhani.
Akaahirisha: wakili wa Nabhani ana harusi Suri.

Mwaka wa tatu falaji likaanza kukohoa.
Juu kule, mashamba mapya, pampu zinanguruma usiku kucha.
Maji yakaja membamba kama uzi wa cherehani,
yakaja na mchanga,
yakaja harufu tu.
Kisha watoto wakaanza kucheza mpira ndani ya mfereji.

Siku ya mwisho tulikaa benchi moja, mimi na Nabhani,
kiyoyozi kinatupuliza sawasawa.
Hakimu akasema: kilichogombewa hakipo,
na mahakama haiamui juu ya kisichokuwapo.
Akalifunga jalada taratibu
kama mtu anayefumba macho ya maiti.

Nikamwambia mkalimani: mwulize,
basi ilikuwa ya nani?
Kijana wa watu akainama, akanong'ona Kiswahili cha Unguja:
Mama, hilo si swali tena.

Si swali tena! Miaka minne nimelibeba,
nimeuza bangili mbili kumlipa wakili,
nimejifunza kusema "mrithi" mbele ya kioo
mpaka nikaipata ile tha yake.
Maji yakimwagika hayazoleki, sawa, wahenga walisema.
Yasipomwagika je?
Yakikauka ndani ya mdomo wa hakimu?

Sasa lori la maji huja kila Jumatatu.
Dereva ni Mbangala, Rofikul, hupiga honi mara mbili.
Mimi na Nabhani tunachanga riali nusu kwa nusu,
mpira mmoja, matangi mawili,
wala hakuna anayehesabu dakika.

Lakini usiku wa nane mwili haujui kwamba kesi imefungwa.
Saa tisa na nusu huniamsha.
Juzi nimetoka na kanga kichwani, miguu mitupu,
nikamkuta amesimama penye mgawanyo wa mfereji,
jembe begani, na lile tambara na jiwe la kuzibia mkononi,
anatazama vumbi.

Hakusalimu. Akasema, bila kugeuka:
umekuja kuchukua maji yako?

*Yako.* Nimelisikia vizuri.
Au amenikejeli; alisema Kiarabu,
na huenda sikio langu nalo halina koo.
Nikangoja arudie.
Akakohoa,
akaweka jiwe chini mahali pake pa zamani,
upande wake,
kama kawaida, kuzuia.